Wimbo wa Maji wa Didia

Wiki iliyopita, hapa Geita, kijana anayeuza simu jirani na duka langu la vitenge aliniita nikaone mambo ya zamani ya kwetu. Ilikuwa filamu ya ziara ya waziri, nyeusi na nyeupe, imetiwa kwenye simu. Nilimtambua bibi yangu kabla hajainua uso.

Tangu hapo nimekosa raha, ngoja nikusimulie. Didia ya utoto wangu, kijijini kwetu Shinyanga, haikuwa na kisima. Tulichota maji lamboni, tukichangia na ng'ombe, tukirudi bibi ametuwekea michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa, na karanga. Iliposikika kwamba waziri anakuja, tena na watu wa sinema, bibi alitunga wimbo wa Kisukuma wa kumwomba kisima. Akawafundisha kina mama wenzake jioni, wakitoka shamba la pamba.

Siku yenyewe waliimba juani tangu asubuhi. Waziri alipita akipunga mkono, hakusimama. Lakini mpiga picha alisimama mbele ya bibi, akamlenga kwa kamera muda mrefu. Bibi akamuuliza kama sauti nayo imeingia.

"Kila kitu kimo humu, mama," alijibu.

Basi bibi akawatuliza wenzake kwamba wakubwa watausikia hukohuko Dar es Salaam.

Baada ya mavuno watu wa sinema walirudi na gari lao, wakatundika shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala la pamba. Bibi akatokea, mdomo wazi, mishipa ya shingo imemtoka, na tulichosikia ni tarumbeta. Kisha mtangazaji akasema kina mama wa Shinyanga wanamshukuru waziri kwa maendeleo. Watu walishangilia kujiona.

"Huyo ni mimi," bibi alisema, "lakini mimi sikushukuru kitu."

Asubuhi tukabeba ndoo zetu kwenda lamboni.

Nilimweleza yule kijana kwamba bibi pale anaomba maji. Akaniuliza, kwa heshima tu, mbona wametangaza anashukuru. Nikataka kumwimbia asikie mwenyewe. Mstari wa kwanza ulikuja, wa pili ukanigomea. Nikampigia dada yangu aliyeko Ngokolo, mjini Shinyanga, ambaye utotoni aliuimba kunishinda. Alijaribu, akaacha. Kina mama wale wote tumeshawazika. Dada alichokumbuka ni mahali pa kupiga vigelegele tu.