Zamu Yangu Ukingoni

Sweta la sufu likilowa na kuanikwa karibu na jiko la mkaa hutoa harufu ya kondoo. Leo nimeisikia jikoni kwangu, ninakoshinda kila siku, na mara nikajikuta tena milimani Mbizi, mtoto wa darasa la nne.

Tulitoka Sumbawanga mjini kwa ziara ya shule, kwa basi la kukodi, tukiongozwa na kaka mmoja mchangamfu mwenye filimbi. Alitangaza kwamba kabla ya kula pilau kwenye nyumba ya wageni ya kule juu, kila mtoto atasimama ukingoni, pale mlima unapokatika kuelekea bonde la Ziwa Rukwa, apaze sauti ataje jina lake. Mimi hata ngazi ya kihenge cha mahindi nyumbani nilikuwa naomba nishikiwe.

“Leo utalia mbele za watu,” dada yangu alininong’oneza. “Na mimi nitasema sikujui.”

Wenzangu walisimama mmoja mmoja. Walipobaki wawili kabla yangu, ukungu ukapanda kutoka bondeni, mzito kama moshi wa kuni mbichi, ukafunika mwamba wote. Filimbi ikalia.

“Basi jamani, hapasogelewi tena. Twendeni tukale!”

Wenzangu waliguna. Mimi nilikula sahani mbili, sweta linachuruzika maji ya ukungu.

Jioni mama akauliza, “Haya, huko mlimani kukoje?”

“Kuzuri sana, mama,” nikamjibu kabla dada hajafungua mdomo. “Hakuonekani kitu.”