Jua la Same

Kwa miaka mingi nilikana, hata mbele ya mama yangu mzazi: hali ya hewa ya Same nilikuwa naibuni.

Sikuwa maarufu. Televisheni binafsi zilipoanza kuingia nchini, nilikuwa na shahada ya fasihi na viatu pea moja, nikapewa kazi ya kusoma utabiri baada ya taarifa ya habari. Niliifanya mpaka mvi zikaniota. Sokoni watu walinisimamisha kuniuliza kama mimi ndiye yule wa michezo.

Utabiri ulikuja kwa faksi, na Same mara nyingi haikuwemo. Lakini ramani yetu ilikuwa na kidoti cha Same. Nilikidai mwenyewe ili nyumbani wasikie kwetu kunatajwa. Basi faksi ikikinyima, nilikibandika jua. Same mjini ni kukavu; nani angenishika?

Mama aliishi Mamba, wilaya hiyohiyo ya Same lakini juu milimani, ambako mvua haina habari na mjini. Miaka ile ya foleni za sukari alinisomesha kwa tangawizi. Sasa kila jioni alikwenda kwa mchungaji, kwenye televisheni pekee ya kijiji, na kesho yake akaanika tangawizi kwa neno langu.

Msimu mmoja nilisema jua siku tatu mfululizo. Ikanyesha. Tangawizi iliyokwisha kukatwa ikaota ukungu kwenye maturubai, ya mama na ya majirani. Nilipokwenda likizo, jirani mmoja alinipokea uani, mbele ya wenzake.

“Karibu, mama jua! Mwavuli umetuletea?”

Wote wakacheka, isipokuwa mama.

“Mwanangu, hiyo Same unayosoma, huwa unapewa?”

“Napewa, mama. Wataalamu ndio wanaokosea.”

Nikawasema wataalamu wa watu mpaka chai ikapoa. Mama akamgeukia jirani. “Umesikia? Si yeye.”

Nikarudi kazini, nikaendelea kubandika.

Simu za mkononi zilipofika Mamba, mama alinipigia asubuhi moja.

“Shikamoo, mama.”

“Marahaba. Jana umesema jua.”

“Ndiyo.”

“Nimeanua. Siku hizi ukisema jua, naanua.”

Nilisikia mvua ikipiga bati lake.

“Na majirani?”

“Wananitazama mimi. Wakiniona naanua, nao wanaanua. Wakiniuliza nimejuaje, nasema mgongo unaniuma. Mwanangu, mgongo wangu hauna shida.”

“Huwa naibuni, mama.”

“Najua. Basi leo jioni waambie hujui.”