Beseni ya Ubatizo ya Mama Mukwe

Beseni ya ubatizo ya kanisa letu hapa Bunia ni ya fibre, ile plastiki ngumu yenye nyuzi za kioo ndani. Kila pasta aliyepita aliipaka rangi yake. Mwishowe rangi zikaanza kubanduka, watu wakawa wanatoka majini wameokoka, lakini wana magamba ya kijani kama samaki. Na Jumapili iliyofuata alikuwa abatizwe mama mukwe wangu.

Kazi ya kuondoa rangi ile nikaichukua mimi, kiherehere changu. Mama huyu aliambia watu wazi kwamba binti yake ameolewa na mupuliza upepo, kwa sababu ninaishi kwa kompresere, mashine ya kusukuma upepo ninayobandulia rangi na kutu. Ningetoboa beseni ile, angekosa ubatizo mbele ya kanisa nzima, na mimi ningehama Bunia.

Muchanga wa muto niliukataa, unakula fibre mpaka unatoboa. Nikasaga magunzi ya mahindi, nikayatia ndani ya mashine yarushwe na upepo, nikaupunguza, nikasimama mbali kidogo, nikapitisha mudomo wa mupira upande kwa upande. Rangi ikatoka tabaka kwa tabaka. Kuku wa jirani wote wakahamia kwangu.

Ndipo mama mukwe akaingia. Nikazima mashine. Kwetu, mukwe na mama mukwe hawaangaliani usoni, hawali pamoja, wanaongea kupitia mutu mwingine. Lakini mimi nilikuwa ndani ya kofia ya kazi, imenifunika uso mpaka mabega.

"Weye fundi, mukwe wangu iko wapi? Amekuachia kazi, muvivu ule!"

Nikainama kufagia unga wa magunzi. Ningejibu, angetambua sauti.

Akavuta kiti. "Usichubue ile kona, mule nitaingia miye." Halafu akashusha sauti. "Ule kijana nilimukatala sana. Lakini tangu amuoe binti yangu, sijamuona mutoto wangu analia hata siku moja. Sasa nitamuambia namna gani, na desturi hii?"

Machozi ndani ya kofia hayapanguseki, nakuambia. Mara akanyoosha hindi la kuchoma: "Toa kofia, ukule."

Mungu wangu! Nikanyakua hindi, nikakimbia nyuma ya choo, nikalila huko nimezungukwa na kuku.

Jumapili akazamishwa, akatoka safi, hakuna gamba, hakuna tone lililovuja. Nje ya kanisa akanipa mugongo, akamugeukia bibi yangu, binti yake.

"Muambie bwana yako, ule fundi wake wa kofia anafanya kazi muzuri. Lakini avae viatu vingine. Vile nilimutumia bwana yako kwa Noeli vimeisha kutoboka."

Nikaangalia chini. Vidole viwili vilikuwa nje.