Anayeitwa Mudogo

Mwanamke anayetunza mashine za kufulia pale mtaa wa Etterbeek, ughaibuni, husoma riwaya za vijiji vya Uingereza, zilizotafsiriwa kwa Kifaransa, na kila moja huianzia ukurasa wa mwisho. Akikuta mama na mtoto hawakukutana tena, huirudisha kwenye rafu na kuchukua nyingine. Mikono yake iliyochubuliwa na sabuni haijui kutulia: hukunja shuka za watu huku jicho moja likiwa kitabuni, na kurasa huziwekea alama kwa soksi iliyopotewa na mwenzake. Précieuse, mwanafunzi kutoka Bukavu, humpelekea nguo zake Jumamosi, siku ya kusimuliwa hadithi aliyoisoma.

Jumamosi hiyo ilikuwa habari ya msichana aliyegundua ukubwani kwamba mama yake mdogo, yule wa kuja na zawadi na kuondoka, ndiye aliyemzaa. Précieuse akacheka. "Lakini maman, mama mudogo si ni mama tu? Alors, siri iko wapi?"

Mwanamke hakucheka. Aliinyoosha ile soksi juu ya goti lake, akainyoosha tena. "Siri iko kwa ule wanaita mudogo."

Simu ya ukutani ikalia. Aliikimbilia, akaishika kwa mikono miwili. "Allô? Mutoto yangu!"

Sauti ya msichana anayelelewa na dada yake kule Uvira ilipaa hadi kwenye mashine: "Allô, mama mudogo! Mama anakusalimia!"

"Aksanti," akasema polepole. "Na wewe umusalimie mama yako."

Akarudi kwenye kiti, akafungua ukurasa wa mwisho.