Msusi Ndani ya Hesabu ya Homa

Nikutegee: hana miguu wala nauli, lakini huwahi kufika nyumba zote za mtaa. Nani huyo? Mji usinipe, leo jibu natoa bure: ni homa ya mafua.

Saa tatu asubuhi, msusi ambaye mtaa mzima unamwita Mkono Laini amekwisha kuzama kwenye nywele za jirani yake. Pua yake iko shibiri moja tu kutoka kisogo cha mteja. Kichwa kimoja cha rasta ni saa tano za kupumuliana.

Ndiyo maana wageni watatu wamebanana kwenye benchi lake: daktari, mwanahesabu, na binti anayechunguza mienendo ya watu. Kwa pamoja wanatengeneza hesabu ya kubashiri homa itapita wapi.

Mwanahesabu anafungua kompyuta. Kila mtu ni nukta, kila ukaribu ni mstari.

"Mimi ni ipi?" anauliza msusi, shingo ameinyoosha.

"Hiyo yenye mistari mingi."

"Makubwa! Mbona kama buibui?"

"Buibui aliyeshiba," anadakia jirani, na papo hapo anavutwa unywele.

Lakini hesabu ina kasoro. Ilisema homa iliyopita ingekwisha upesi. Ikakaa, tena ikamlaza mama mzazi wa msusi, mwenye pumu, wiki nzima. Daktari anadhani kirusi kimebadilika. Binti anahisi watu waliwajibu maswali yao kwa adabu tu, si kwa ukweli.

"Mama, nakuuliza tena," binti anamwambia msusi. "Ukishikwa na homa, unafunga saluni?"

"Shoga, inamisha kichwa," msusi anamwambia jirani, kana kwamba hakusikia.

Msusi alianza kusuka akiwa anapanda juu ya ndoo ili afikie vichwa vya dada zake. Mumewe alipofariki, vidole hivyo ndivyo vilivyosomesha watoto watatu. Ng'ambo ya barabara kuna saluni nyingine, na mbele yake mbili zaidi. Mteja akikuta mlango umefungwa, msusi husema, "ni maji yaliyomwagika, hayazoleki."

"Mjibu mwenzio, bwana," jirani anamchokoza. "Au umemeza kitana?"

Vidole vinasimama. Kutoka chumba cha nyuma, mama yake anakohoa.

"Sifungi, mwanangu. Mwanzo nilikwambia nafunga kwa sababu ulikuja na heshima zako, ningekukatalia vipi? Nikifunga peke yangu, wateja wanavuka barabara. Lakini tufungisheni wasusi wote siku moja, na mimi nitakuwa wa kwanza kutia kufuli."