Majirani wa Ua la Kengele

Nilifika Newala nikitokea Masasi, msimu wa korosho ulipokwisha na magunia ya kubeba yakaisha nao. Shule niliiacha kidato cha pili, na tangu hapo sijakaa mahali nikazeeka. Newala nilipata kazi ya kulima ua wa mwalimu mmoja aliyehamishwa kutoka Njombe. Alipanga nyumba ndogo ya nyuma. Kwenye nyumba kubwa ya mbele alikaa mwenye mji, mama mzee ambaye sote tulimwita Bibi.

Mwalimu alikuwa na mbegu ndani ya karatasi, laini kama ugoro. Zilitoka kwenye bustani ya mama yake, ambayo baada ya mazishi ndugu waliiuza pamoja na nyumba. Mmea wenyewe sikuwahi kuuona. Yeye aliuita kengele, kwa kuwa maua yake ya zambarau huning'inia kwenye shina moja refu kama kengele ndogo zenye madoa ndani. Niliutafuta kwenye simu. Nikasoma kwamba hupenda baridi, unyevu na kivuli chepesi. Kwamba mwaka wa kwanza hutoa majani tu na maua huja mwaka wa pili. Kwamba majani hayo hutumika kutengeneza dawa ya moyo, na mtu akiyala yanaweza kuusimamisha moyo huohuo. Mwalimu alilijua hilo.

"Nyumbani tumekua nayo, hakufa mtu," alisema.

Baridi ya Newala ilitosha. Shida ilikuwa kuchagua mimea ya kuipanda nayo. Chini ya mkorosho udongo ulikuwa mkavu. Mihogo ina kivuli kizuri, lakini siku ya kuing'oa unang'oa na jirani yake. Mwishowe mwalimu alichagua katikati ya maboga na kunde, kando ya tangi la saruji la maji ya mvua, kwa sababu majani ya maboga hufunika ardhi isikauke. Kwa jua, maji na udongo, hakukosea.

Kilichosahaulika ni mikono ya watu. Pale mtaani mboga za majani haziombwi. Mvua zikishika, anayepita na ungo huchuma kunde za jirani, na jirani naye huchuma zake. Anayebisha hodi kuomba majani huonekana anajitenga.

Asubuhi moja nilikuja kupalilia nikamkuta Bibi barazani akimenya nyuzi za majani ya maboga. Karanga zilizotwangwa zilikuwa tayari kwenye bakuli.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Leo umebahatika. Kuna mboga ya kwao mwalimu, laini kama sikio la mbuzi."

Nilitazama ndani ya ungo, nikayaona majani ya kengele, nikamwita mwalimu. Alitoka na kiatu kimoja mguuni.

"Bibi, usipike hayo! Ni sumu!"

Bibi aliweka kisu chini. "Sumu? Si ulisema ni maua?"

"Ndiyo, Bibi, ni maua."

"Na ya maboga si maua? Juzi umeyala hapa kwangu, ukaongeza."

Mwalimu aliutazama ungo. Kwao bustani ya maua ilikuwa na uzio, na neno maua lilitosha kumzuia mtu. Hapa halikumzuia yeyote.

"Nyoka unamfuga kwenye kapu la unga, halafu unatuambia ni mkufu," Bibi alisema. "Wajukuu wangu wanachuma pale. Ng'oa."

Nilichukua ungo wote nikaenda kuyafukia. Niliporudi mwalimu alikuwa ameshika jembe langu, lakini hakuwa ameng'oa kitu.

"Mbegu nilizipanda zote," alisema. "Nyumba imeshauzwa. Nikiing'oa hii, sina pengine pa kuipata."

Bibi akaja na kiti chake mpaka bustanini. Nikasema tuizungushie mananasi, yana miiba.

"Mananasi ndiyo yataita watu! Wewe mtembezi, hata kichwa chako kinatembea."

Mwalimu akataja uzio wa mianzi.

"Ukijenga uzio, watachungulia. Weka utupa."

Utupa kila mtu anaujua. Majani yake yakipondwa na kutiwa mtoni, samaki huelea. Wakulima huyatumia kuulia wadudu. Hata ng'ombe mwenye njaa huupita.

"Kinachokaa na utupa hakichumwi," Bibi alisema.

"Lakini watu watasema nina shamba la sumu."

"Kwani hulina?"

Jioni ile, mvua ikinyesha, tulihamisha kengele mpaka upande wa pili wa tangi. Bibi alitoa miche ya utupa kwenye kingo za shamba lake. Mche mmoja wa kengele ulinyauka, mingine ikashika. Baadaye nilisoma kwamba utupa hurutubisha udongo na kivuli chake ni chepesi. Bibi alipita nyumba kwa nyumba kuwaambia majirani, kisha nami nikaondoka.

Nilirudi Julai ya mwaka uliofuata. Ukungu ulikuwa bado chini. Utupa ulikuwa umenipita kimo, wenye maua meupe, na katikati yake yalisimama mashina ya kengele, zambarau tupu, nyuki wakiingia na kutoka. Mwalimu alikuwa anamwagilia. Mgeni wa Bibi kutoka Mnyambe alisimama kuangalia.

"Na huu wa zambarau wa katikati, mbona mzuri hivi? Ni nini?"

"Utupa wa Njombe," Bibi akajibu.

Mwalimu alifungua mdomo, akamtazama Bibi, akainamisha tena ndoo.

"Ndiyo," alisema. "Wa kwetu."

Mgeni akakusanya khanga yake isiguse majani, akapita kwa mbali.