Koja la Ohai la Shangazi Lahela

Kisiwani Molokai, huko Hawaii, hakuna aliyemfikia Lahela kwa kutunga makoja ya maua, na hilo tusibishane, maana yeye mwenyewe alilitangaza kila siku. Alipika shuleni mpaka akastaafu, hakuolewa, na watoto wa kaka yake aliwalea kama wake. Wakihitimu, wakioa, koja shingoni lilikuwa lake.

Mdomo ndio uliomponza. Siku moja, watu wakila poi, ule ugali laini wa magimbi, na samaki, aliapa kuwa Mahealani, binti wa kaka yake, ataolewa amevaa koja la ohai, maua mekundu ya mchangani waliyovaa bibi zao. Wifi yake Kapeka, mama wa bibi harusi, alishaagiza maua Honolulu. Akatabasamu tu.

Ilipobaki siku moja tu harusi ifike, Lahela akaenda kwenye matuta ya mchanga ya Moomomi. Upepo wa kule hauna adabu, ndiyo maana ohai haijisumbui kusimama. Inatambaa chini na majani yake madogo yenye manyoya ya rangi ya fedha. Kumbe kulungu walishapita wakaitafuna. Kilibaki kichaka kimoja tu chenye maua, na koja lingeyamaliza yote. Maua yakiisha, mbegu zitoke wapi? Lahela akakaa, sindano mkononi, akakitazama weee, kisha akarudi mikono mitupu. Jioni nzima hakusema neno, majirani wakadhani anaumwa.

Asubuhi Kapeka hakumkawiza. "Wifi, koja liko wapi? Au umelila?"

"Lipo. Limekataa kuja. Bibi harusi atalifuata."

Watu walicheka, lakini Mahealani alishaingia garini, ikabidi wote wafuate. Huko matutani shangazi akatandika mkeka, akamlaza mwari na gauni lake, akamsogeza polepole mpaka tawi lenye maua likamkalia shingoni bila kukatika. Bwana harusi akapiga magoti kumbusu, akaambulia mchanga mdomoni.

Kapeka akavua viatu.

"Hebu nipishe, mwanangu. Mimi siku yangu nilivishwa maua ya karatasi."

Kulala hakukumsumbua. Kuinuka ndiko kulikotaka vijana watatu wenye nguvu, na Lahela juu yao akiwakaripia waangalie tawi kwanza. Wifi yake, alisema, anaweza kungoja.